Mnara Usiojua Msiba

Jamani, leo nimevuliwa nguo hadharani. Tena si mbele ya mtaa mmoja. Buffalo, Columbus na Louisville, miji mitatu kwa mpigo, na katikati ya msiba!

Nawaandikia nikiwa bado nimekaa kwenye ngazi za studio. Naandika mwenyewe kabla hamjaletewa habari na Mama Ester (ambazo najua tayari zimeshatiwa chumvi). Someni kwanza. Kucheka baadaye.

Kwa mliojiunga kundini juzi: mimi ni Obedi, Mrundi wa kukulia kambini Tanzania. Siku tano za wiki napakia maboksi ghalani. Jumamosi saa nane mchana naendesha kipindi cha Kiswahili cha saa moja kwenye kiredio cha jamii hapa Buffalo, hatua chache kutoka Grant Street. Salamu, matangazo, kwaya, maombi. Silipwi. Ningewalipa mimi kama wangeniomba (msiwaambie).

Sasa, Jumatano Mzee Simeoni alifariki huko Columbus. Wakubwa wa hapa mnamkumbuka, maana aliishi Buffalo miaka sita kabla ya kuhamia kwa wanawe. Na mdogo wake wa tumbo moja ni nani? Papa Furaha wa Louisville. Na Furaha ni nani? Ni Furaha wangu! Au niseme ukweli: ni Furaha ambaye wiki tatu zilizopita nilikwenda Louisville na wajomba zangu kumposa. Baba yake akatupa chai, akatusikiliza hadi neno la mwisho, akakohoa, akasema kwa Kiswahili chake chenye Kifaransa ndani:

"Bon. Mimi sitasema ndiyo, sitasema hapana. Kijana iko na mudomo. Mudomo tumesikia. Donc, tutaangalia kama iko na heshima."

Tangu siku hiyo, hakuna jibu. Wiki tatu nakula bila kusikia ladha! Kisha juzi simu ikalia. Papa Furaha mwenyewe.

"Kijana. Utatangaza kilio ya kaka yangu ku redio yako. Na batu basimame dakika moja, kimya. Nitasikiliza."

Akakata. Nitasikiliza! Mnaelewa maana yake? Huo ndio ulikuwa mtihani wangu. Saa moja ya redio, na ndani yake dakika moja ya kukaa kimya. Nani anafeli mtihani wa kukaa kimya?

Basi leo nimefika studio saa sita mchana, nimevaa shati jeupe na tai. Kwa ajili ya redio, ndiyo. Kwanza nikapanda juu ya paa, kama ninavyofanya kila Jumamosi, kulisalimia dishi.

Hapa lazima niwaeleze, la sivyo aibu yangu hamtaielewa. Wengi wenu mnadhani nikizungumza pale studio, sauti inatoka palepale na kuwafikia. Hata mimi nilidhani hivyo. Hapana! Studio ni chumba tu, ghorofa ya pili, juu ya duka la mchele na samaki wakavu. Kinachorusha sauti kwenu ni mnara, na mnara uko mbali sana, kwenye vilima vya kusini, zaidi ya nusu saa kwa gari. Sasa maneno yangu yanafikaje huko kilimani? Kwa hilo dishi la juu ya paa. Si kubwa, kama sinia ya pilau ya harusini. Limeelekezwa kwenye vilima, nalo linatuma sauti kwa mstari mmoja mwembamba, ulionyooka, bila waya wowote, hadi kwa dishi mwenzake kule mnarani. Mnara ukishaipokea, ndipo unaitawanya mji mzima.

Aliyenionyesha ni Stan, fundi wetu wa mitambo, mzee wa Kizungu anayeishi Kenmore na ambaye nadhani alizaliwa na bisibisi mkononi. Alinipa darubini. "Tazama kule," akasema. Nikaona kitu chembamba kabisa kimesimama upeoni. "Ule ndio mnara. Madishi haya yanatazamana usiku na mchana. Hili likisogezwa kidogo tu pembeni, wewe huna redio."

Nilishusha darubini. Mimi! Pumzi inatoka kwenye kifua hiki, kilichokula ugali na isombe asubuhi, inapita juu ya paa za watu, juu ya makanisa na viwanda vilivyofungwa na reli na malori ya barabara kuu, na hakuna hata mtu mmoja chini yake anayehisi kitu. Mtu anakata nyasi zake, na Zaburi ya ishirini na tatu inampita juu ya kofia. Nilipomuuliza Stan kama yeye haogopi, alisema ameshazoea. Mimi sijazoea, na namwomba Mungu nisizoee.

Na mnara nao hujibu! Kule juu hakuna mtu. Ni mitambo peke yake ndani ya kibanda, na nje theluji au jua. Lakini kila mara mitambo hiyo inarudisha habari zake studio: joto langu kiasi hiki, nguvu zangu kiasi hiki, ninakusikia. Mezani kwetu kuna sanduku lenye taa mbili. Ya kijani ikiwaka, mnara unasema mambo ni mazuri. Ya njano ikiwaka, mnara unasema sisikii kitu kutoka kwenu, nimejiongoza mwenyewe. Shikeni hiyo ya njano.

Maana Stan aliniambia hivi siku ya mafunzo: "Mnara ukipitisha nusu dakika bila kusikia sauti, unaamini studio imekufa. Hapo unawasha wenyewe rekodi ya akiba iliyoko hukohuko kilimani, ili wasikilizaji wasiachwe gizani. Na haurudi kwako mpaka uuamrishe." (Zamani ulikuwa unarudi wenyewe. Majira ya baridi yaliyopita barafu iling'ang'ania dishi, sauti ikawa inakatika na kurudi, rekodi ikawa inaanza na kusimama, watu wakapata kizunguzungu.) "Kwa hiyo Obedi," akasema, "usinyamaze zaidi ya nusu dakika."

Nilicheka. Nikamwambia, "Stan, mimi kunyamaza nusu dakika? Hunijui."

Ndiyo. Nilisema hivyo.

Akaniomba pia nimletee rekodi ya Kiswahili ya kuweka huko mnarani kwa saa yangu. Nikampa flashi yenye nyimbo za kwaya yetu. Hiyo ni zaidi ya mwezi uliopita, kabla ya safari ya Louisville. Wiki iliyofuata akaniambia, "Nimeisikiliza. Sielewi neno, lakini kuna hisia. Hasa pale mwanzoni unapokohoa." Nikajiuliza, kwaya inakohoa wapi? Lakini nilikuwa na haraka ya kukimbilia ghalani, likanipita.

Turudi leo. Saa nane kasorobo nimeketi mezani. Nikachukua picha ya Mzee Simeoni, ile aliyopigwa akiwa amevaa koti la baridi na kofia ya manyoya, nikatafuta pa kuiegemeza ili nimtazame nikizungumza. Nikaiegemeza kwenye lile sanduku la taa. (Najua. Naomba mniache nimalize.) Simu nikaizima kabisa.

Huku nyuma Mama Ester naye alikuwa mahali pake. Mama Ester, kwa wasiomjua, ni mama wa kanisa letu, Mkongomani, anakaa mitaa miwili kutoka studio, na bila yeye Louisville na Columbus hawana kipindi. Redio yetu haifiki nje ya Buffalo. Kwa hiyo kila Jumamosi anafungua redio juu ya meza ya jikoni, anapiga ile namba ya maombi ya pamoja, na analaza simu yake mbele ya spika. Watu wa miji yote wanapiga namba hiyohiyo, wanasikiliza. Hebu fikirieni safari hiyo! Kutoka mdomoni kwangu hadi paani, paani hadi kilimani, kilimani hadi jikoni kwa Mama Ester, na kutoka jikoni, pembeni ya sufuria ya maharage, hadi sebule ya wafiwa Columbus na sebule ya mkwe wangu Louisville. Leo walikuwa wengi kuliko siku zote. Mjane mwenyewe alikuwa kwenye laini.

Nikaanza. Na nilianza vizuri, wallahi... samahani, mchungaji yumo humu. Kweli nilianza vizuri. Nilitangaza msiba bila kuyumba. Nikasoma majina ya watoto wote wa marehemu bila kuruka hata mmoja. Sikutania. Sikumtaja hata yule jamaa wa Kenmore anayeomba salamu kila wiki. Nilikuwa najisikia mwenyewe, nikawa nasema moyoni: Papa Furaha, sikia hiyo heshima.

Kisha nikasema, "Ndugu zangu wa Buffalo, wa Columbus, wa Louisville. Popote ulipo, simama. Tumheshimu mzee wetu kwa dakika moja ya kimya."

Nikasimama. Nikafumba macho. Na kwa kuwa mimi ni mtu wa kufanya kazi kwa ukamilifu, kabla ya kufumba nilishusha kipaza sauti hadi mwisho, ili hata feni isisikike.

Jamani, dakika ile ilikuwa nzuri. Chumba kilitulia. Nikawaza kwamba sasa hivi hata ukimya wangu unapita juu ya paa za watu, unakwenda kilimani, unafika kwa wafiwa. Nikasikia baridi ya shukrani mgongoni.

Ulifika kilimani, ndiyo. Na mnara, maskini, haujawahi kufiwa.

Nilipofumbua macho machozi yalikuwa yananitoka. Nikapandisha kipaza sauti nikaanza kumwelezea marehemu. Nawaambieni, sijawahi kuzungumza hivyo maishani. Nilisema jinsi alivyokuwa akifika kanisani saa nzima kabla ya ibada kusukuma theluji mlangoni, ili akina mama wasiteleze. Jinsi alivyotufundisha wageni wote kupanda basi, akipanda na wewe mara tatu, na mara ya nne anasimama kituoni anakupungia mkono uende mwenyewe. Mimi ni mmoja wao. Nilisema kwamba siku ile nilipogeuka dirishani nikamwona amesimama pale, nilijua nitaiweza nchi hii. Nilililia hilo kabisa. Simu ya mezani ikawa inawaka taa tu bila mlio, nikaipuuza. Huwezi kupokea simu katikati ya maneno kama hayo.

Dakika kumi! Dakika kumi bora za maisha yangu ya utangazaji, na hakuna binadamu yeyote aliyezisikia. Ni mimi, na picha, na feni.

Nikiwa nimefika kwenye mstari wa kuwafariji watoto, nikasikia kishindo ngazini. Mlango ukafunguka bam! Mama Ester. Kitenge kimefungwa juujuu, kandambili moja mguuni, nyingine mkononi, pumzi hana.

"Zima! Obedi, zima hiyo kitu!"

"Shii, Mama," nikanong'ona nikifunika kipaza sauti. "Tuko hewani."

"Hewani gani? Hapa siyo weye iko hewani! Hewani iko Obedi mwingine!"

"Mwingine nani?"

"Nitajua mimi? Anakohoa sawa Papa Furaha! Anacheka! Batu bako mu kilio, yeye anaongea juu ya ng'ombe!"

Ng'ombe. Lile neno nililitambua.

Nikaisogeza picha ya Mzee Simeoni. Nyuma yake, taa ya njano. Inawaka kwa utulivu kabisa, mnara unaniambia kwa adabu, kwa dakika kumi na moja sasa, kwamba hausikii kitu kutoka kwangu.

Pale mezani kuna kitufe. Ukikibonyeza, hedifoni zinaacha kukusikilizisha mambo ya chumbani, zinakusikilizisha kinachotoka hewani kweli. Stan amenisihi mara mia nikitumie. Sikitumii, kwa sababu sauti yangu ya chumbani ni nzuri zaidi (kiburi, ndugu zangu, kiburi). Nikakibonyeza.

Kikohozi. "Ehe-he-hemu!" Kisha sauti nzito, ya mzee wa milimani: "Bon. Donc, kijana. Iko unatumika wapi?"

Kisha sauti yangu, ya unyenyekevu wa uongo: "Papa, niko ghalani, napakia. Lakini nina kipaji."

"Kipaji iko inapikiwa mu sufuria gani?"

Ndugu zangu. Kabla ya kwenda Louisville nilikaa studio peke yangu nikafanya mazoezi ya posa. Nikajirekodi. Nikacheza mimi, nikamcheza na Papa Furaha. Kikohozi chake, jinsi anavyofyonza chai, jinsi anavyosema "bon" halafu anakaa kidogo ili uogope. Nilikuwa najiondoa woga! Na kumbe niliyahifadhi kwenye flashi ileile ya kwaya, na mtambo wa mnarani unaanza na faili la kwanza. Stan akayasikiliza akasema kuna hisia.

"Ng'ombe nitaleta, Papa," nilikuwa najisikia nikisema hewani, "ila sijui nitawapitisha barabara gani hadi Kentucky." Kisha nikacheka peke yangu kwa muda mrefu. Kisha: "Ee Bwana, siku hiyo umpe huyu mzee usingizi mzito."

Nilitaka kuzima, lakini ningezima nini? Mtambo uko kilimani! Nilikuwa nimesimama Buffalo namsikiliza mimi wa mwezi uliopita akinichimbia kaburi kutoka juu ya mlima. Na mtanisamehe, hata katika hofu ile nilishangaa. Nilishangaa jinsi ilivyo safi. Kila pumzi inasikika. Mtambo ule hauna mtu, umesikia kimya ukadhani tumepatwa na baya, ukakimbia kutusaidia kwa kile kidogo ulichopewa. Haukukosea hata kidogo. Ningeupongeza kama isingekuwa mimi.

Nikapokea simu ya mezani. Stan.

"Kwa nini uko kwenye akiba?" alifoka. "Mnara umenitumia ujumbe, nilikuwa nakata nyasi, simu iko jikoni. Dishi limepata nini?"

"Dishi ni zima. Tulinyamaza dakika moja. Kuna msiba."

Akavuta pumzi. "Obedi. Kwa mnara huo, kunyamaza ndiko kufa."

"Stan, kwetu mtu akifa tunanyamaza."

"Basi ungeniambia, ningeuambia usubiri!" Kisha akalainika, maana ni mtu mwema. "Pole kwa msiba. Bonyeza kitufe chekundu chini ya taa ya njano. Shikilia, hesabu mpaka tano."

Nikabonyeza. Na katika zile sekunde tano, kupitia hedifoni, nikasikia kipande ambacho nilikuwa nimekisahau kabisa. Mwisho wa mazoezi. Mzaha ulikuwa umeniishia. Sauti ilikuwa ya chini, si ya utani tena: "Sina mtu wa kunifundisha namna ya kusema haya. Baba yangu nilimwacha kambini, kaburini. Huyu mzee akikubali, mimi nitakuwa nimepata na—"

Tap. Kijani. Mnara umenirudia. Kimya cha ghafla masikioni, na miji mitatu inanisubiri niseme kitu.

Mama Ester akanitazama. Mimi nikamtazama. Nikasema, kwa sauti iliyotoka nyembamba kama ya mbu, "Wafiwa... poleni. Papa Furaha... nisamehe." Nikaweka wimbo wa kwaya, nikakaa chini. Sakafuni. Kiti kilikuwa mbali.

Nikawasha simu. Ujumbe wa Furaha ukamiminika.

"OBEDI."

"Obedi ni nini hii."

"Tumesimama kimya kumbe Papa anakohoa. Papa anasema si yeye."

"Papa amefungua jicho moja."

"Amefungua ya pili."

"Mama amejifunika mu uso. Iko anacheka. Obedi simamisha!"

"Hakuna mutu anakaa. Watu wote bado wamesimama, wanasikiliza."

Baada ya huo, hakuna kitu. Nikamwambia Mama Ester kwamba sasa nimempoteza Furaha. Nililisema hivyohivyo. Mama Ester akavaa ile kandambili ya pili, akaniambia ninywe maji.

Simu ya mezani ikawaka tena. Nilidhani ni Stan. Nikapokea.

Hakuna aliyesema kitu. Nikasikia watu kwa mbali, vikombe, mtoto akilia. Kimya kikaendelea hadi nikaanza kuhesabu sekunde, na nikahofia mnara. Kisha kikaja kikohozi. Cha kweli, safari hii.

"Bon," akasema Papa Furaha.

"Papa, shikamoo."

"Mimi siko nakohoa vile."

"Hapana, Papa."

"Unavuta murefu sana. Yangu ni mufupi." Akakaa kidogo ili niogope. Nikaogopa. "Umetufanyia haya mu kilio. Wakubwa walikuwa hapa. Pasta alikuwa hapa."

"Ndiyo, Papa. Sina la kujitetea."

"Shemeji yangu, mama ya Columbus, tangu Jumatano hajakula, hajaongea. Batu bameomba, bamemusihi, hapana. Leo amesikia ile takataka yako ku simu. Amesema, 'Simeoni angecheka mpaka aanguke.' Sasa amelia. Amelia muzuri. Banasema amekubali uji."

Mama Ester alikuwa ameegemeza sikio lake karibu na langu, nasikia pumzi yake.

"Ile ya mwisho," akasema. "Yenye umesema juu ya baba yako. Ulikuwa unacheza?"

"Hapana, Papa. Hiyo sikuwa nacheza."

"Bado ulikuwa unasema, imekatika."

"Ndiyo, Papa."

Akanyamaza. Sikumsaidia. Kwa mara ya kwanza leo nilinyamaza panapostahili.

"Bon. Donc, tunazika Alhamisi, Columbus. Kwetu sanduku inabebwa na watoto wa nyumba, siyo mutu wa inje. Nimehesabu watoto wetu, mimi na kaka yangu. Niko na batano." Akakohoa, kifupi kweli. "Inaomba sita."

Akakata.

Mama Ester amepiga vigelegele ndani ya studio, nikamziba mdomo maana kipaza sauti kilikuwa wazi (kwa hiyo mliosikia vigelegele katikati ya wimbo wa maombolezo, sasa mnajua). Amekwenda kuyaangalia maharage. Mimi nimekuja kukaa hapa ngazini. Nimelia kidogo. Kule juu ya paa dishi linaendelea kutazamana na mwenzake wa kilimani.

Sasa ombi. Nina tai, sina suti ya kubebea jeneza. Kama kundini yupo mwembamba, mrefu, mwenye suti nyeusi isiyo na kazi Alhamisi, aniazime, na huyo mmoja nampa ruhusa ya kucheka. Ninyi wengine wote nyamazeni, hata kwa zaidi ya nusu dakika.